Mitego ya Sauti: Vyombo vya Kubuni vya Kunasa Sauti za Ulimwengu Mwingine

Muhula uliopita, katika darasa letu la fasihi na tafsiri, mwanafunzi mmoja alinyoosha mkono akauliza: "Mwalimu, kwa nini mashine ya kurekodi inaitwa kinasasauti? Sauti imekosa nini hata inaswe?" Darasa lilicheka, nasi tulicheka pamoja nalo. Hata hivyo, baada ya kipindi tuliona kwamba swali lile lilistahili jibu refu kuliko lile tulilolitoa kwa haraka. Makala haya yamekusudiwa kuwa jibu hilo.

Kunasa, kama wasomaji wetu wanavyojua, ni kazi ya mtego. Ndege hunaswa kwa ulimbo, panya hunaswa kwa kamba, na mtu mwenye hila hunaswa kwa maneno yake mwenyewe. Kitu kinachonaswa ni kitu chenye uhai, kinachopita, ambacho kisingebaki kwa hiari yake. Aliyeunda neno kinasasauti aliiona sauti kwa namna hiyo. Aidha, lugha yetu ina kinyume cha kitenzi hicho, yaani kunasua, kwa utaratibu ule ule unaotupatia funga na fungua, ziba na zibua. Mwanafunzi mwingine alipendekeza kwamba, ikiwa chombo cha kurekodi ni kinasasauti, basi chombo cha kusikilizia kiitwe kinasuasauti. Pendekezo hilo halijafika katika kamusi yoyote, lakini litatufaa hapa chini.

Darasani tulikuwa tukisoma hadithi kuhusu vyombo vya kubuni ambavyo hunasa na kuhifadhi sauti za ulimwengu mwingine. Kwa "ulimwengu mwingine" hatumaanishi kuzimu peke yake. Tunamaanisha mwezini, ndotoni, nchi ambazo hakuna aliyezifikia, na pia sauti zilizo hapa hapa karibu nasi ila sikio la binadamu haliwezi kuzipata. Tulipozilinganisha hadithi hizo tuliona jambo ambalo hatukulitarajia. Waandishi hawataabiki sana na kunasa. Kunasa kwao ni rahisi: barafu inatosha, au sifongo, au wavu. Taabu huanza wakati wa kunasua, pale sauti inapotoka na kukuta sikio la mtu mwenye lugha yake na mambo yake.

Tuanze na Ufaransa, mwaka 1552, ambapo François Rabelais alichapisha kitabu cha nne cha visa vya jitu Pantagruel na wenzake. Wakiwa baharini wanasikia sauti za watu angani, lakini hawaoni mtu. Wengine wanaingiwa na hofu. Nahodha anawatuliza: wamefika kwenye mpaka wa bahari ya barafu, ambako mwanzoni mwa majira ya baridi palipiganwa vita vikali. Makelele ya wanaume na wanawake, milio ya silaha na ya farasi, vyote viliganda hewani. Sasa baridi imepungua na sauti zinayeyuka. Pantagruel anaokota maneno yaliyoganda kwa mikono miwili na kuyamwaga juu ya sitaha, nayo yanaonekana kama peremende za rangi mbalimbali. Wanayapasha joto viganjani, yanayeyuka, wanayasikia. Lakini hawayaelewi, kwa sababu ni lugha ya kigeni.

Hapa tulisimama kwa kipindi kizima. Mwandishi ameunda mtego kamili, usiopoteza hata mlio mmoja, kisha anawakabidhi watu sauti wasiyoweza kuitumia. Na bado hajamaliza. Msimulizi anataka kuyahifadhi baadhi ya maneno hayo ndani ya mafuta, jinsi watu walivyokuwa wakihifadhi theluji na barafu. Pantagruel anamkatalia, akisema ni upumbavu kuweka akiba ya kitu ambacho hakitupungukii kamwe. Wanafunzi wetu waligawanyika vikali kuhusu jibu hilo. Waliotoka katika jamii ambazo lugha zao zina wazungumzaji wachache hawakuona kichekesho chochote.

Mwaka 1632, katika kijitabu cha habari kilichotolewa huko huko Ufaransa, iliandikwa taarifa ya nahodha mmoja aliyedai kutoka nchi za kusini ya mbali. Watu wa huko, ilisemekana, walikuwa na sifongo zenye kunywa sauti kama zetu zinavyokunywa maji. Mtu alisema ujumbe wake karibu na sifongo, akampelekea rafiki yake, naye akaikamua taratibu na maneno yakatoka. Ni uzushi mtupu, lakini mwalimu wa lugha atapenda kitenzi chake: sauti inakamuliwa.

Chombo tunachokipenda kuliko vyote ni cha Cyrano de Bergerac. Kitabu chake kuhusu safari ya mwezini kilichapishwa mwaka 1657, miaka miwili baada ya kifo chake. Msafiri anapewa vitabu viwili vya huko. Kimoja kimechongwa katika almasi, kingine kinafanana na lulu kubwa iliyopasuliwa katikati. Anapofungua anakuta mashine ndogo kama ya saa, yenye springi na vyuma visivyoonekana vizuri kwa macho. Hakuna kurasa wala herufi. Anayetaka kusoma hutia ufunguo, huelekeza sindano kwenye sura anayoitaka, na kitabu hutoa sauti kama kinywa cha mtu. Vijana wa mwezini wenye miaka kumi na sita, asema Cyrano, wana elimu kuliko wazee wa duniani, kwa kuwa hujua kusoma mara tu wanapojua kusema. Msafiri mwenyewe anavitundika vitabu vyake masikioni kama hereni, kisha anatoka kutembea. Leo, tunapowaona wanafunzi wakiingia darasani na vipokea sauti masikioni, tunamkumbuka Cyrano, ingawa hatuna hakika kila mara kwamba kinachosikilizwa ni kitabu.

Mwanafunzi makini atauliza: msafiri alielewaje? Cyrano alilifikiria hilo. Mwezini, wakubwa husema kwa sauti za muziki zisizo na maneno, na watu wa kawaida husema kwa kutikisa viungo vya mwili. Maana yake ni kwamba kitabu cha sauti kiliweza kunasa lugha ya wakubwa tu. Lugha ya mwili, yaani lugha ya walio wengi, isingeingia ndani ya kile kijisanduku hata kidogo. Hatujui kama Cyrano aliikusudia kejeli hiyo, lakini imo.

Kisha mwaka 1877 Thomas Edison wa Marekani akatengeneza fonografu, na mtego wa sauti ukatoka katika hadithi ukaingia sebuleni. Mwaka uliofuata aliandika makala akiorodhesha matumizi ya chombo chake. Miongoni mwa matumizi hayo ni kuhifadhi masimulizi ya watu wa familia kwa sauti zao wenyewe, pamoja na maneno ya mwisho ya wanaokufa. Kwa hiyo, tangu mwanzo kabisa, mashine hii ilifikiriwa kuwa njia ya kusikiliza marehemu. Sisi wenyewe tumezoea jambo hilo kiasi kwamba hatulioni. Siti binti Saad alirekodiwa Bombay mwaka 1928 na akafariki mwaka 1950, na bado tunaicheza sauti yake darasani bila mtu kushtuka. Mwaka 1920 Edison huyo huyo aliwaambia waandishi wa habari kwamba anashughulikia kifaa chepesi mno ambacho walioaga dunia, kama wapo, wangeweza kukitumia kuwasiliana nasi. Kifaa hicho hakikuonekana kamwe.

Baada ya fonografu kuwa kitu cha kawaida, ilibidi waandishi watafute sauti ngumu zaidi za kunasa. Roald Dahl anawahusu wasomaji wetu kwa namna ya pekee, kwani alifanya kazi katika kampuni ya mafuta Dar es Salaam kuanzia mwaka 1938 hadi vita vilipoanza mwaka uliofuata, na huko alijifunza Kiswahili. Mwaka 1949 alichapisha hadithi fupi "The Sound Machine", ambayo wanafunzi wetu waliiita "Mashine ya Sauti". Klausner, mtu mdogo mwenye wasiwasi, anaunda sanduku la kushusha sauti zilizo juu mno kwa sikio la binadamu. Akiwa bustanini mwake na vipokea sauti kichwani, anasikia yowe kali. Anatazama: jirani yake ng'ambo ya ua anakata mawaridi, na kila shina linapokatwa yowe linasikika. Baadaye anaupiga mti mkubwa kwa shoka, anausikia ukiguna, kisha anamwita daktari aje asikilize. Daktari anavaa vile vipokea sauti, na kabla hajasema alichosikia tawi kubwa linaanguka na kuiponda mashine.

Angalieni mashine hiyo inakosa nini. Inasikia, lakini hainasi. Haina waya wala kanda ya kuwekea sauti. Klausner hana ushahidi ila sikio lake na la mtu mmoja zaidi, na huyo mmoja hataki kusema. Anachoweza kufanya ni kumlazimisha daktari apake ayodini kwenye jeraha la mti. Tulipowataka wanafunzi waitafsiri sehemu ile ya mwisho, ugumu haukuwa msamiati. Ugumu ulikuwa kulitafutia jina lile alilolisikia Klausner. Je, mti hulia, huguna, hukoroma, hupiga ukemi? Kila kitenzi cha Kiswahili tulichokichagua kiliupa mti hali fulani ya moyo, ilhali Klausner mwenyewe anasema hajui kama mti una moyo.

Miaka thelathini na mitatu baadaye, mwaka 1982, Dahl alilirudia jambo hilo kwa furaha zaidi katika kitabu cha watoto, "The BFG". Jitu jema lenye masikio makubwa mno husikia ndoto zikipita, huzinasa kwa wavu, huzitia ndani ya chupa za kioo na kubandika karatasi kueleza kilichomo. Usiku huzipuliza kwa tarumbeta vyumbani mwa watoto. Hapa kazi zote zimekamilika: kusikia, kunasa, kuhifadhi na kunasua. Karatasi zenyewe zimejaa makosa ya tahajia, kwa kuwa jitu halikwenda shule, ila hakuna chupa inayokosa karatasi. Tafadhali likumbukeni jambo hili la karatasi.

Mwaka 1972, usiku wa Krismasi, televisheni ya BBC ilionyesha mchezo wa Nigel Kneale, "The Stone Tape". Wahandisi wa elektroniki wanaotafuta njia mpya ya kurekodi wanahamia katika jumba la kale, na humo wanakuta chumba ambacho mawe yake yameshika yowe la mtumishi wa kike aliyekufa zamani. Chombo cha kunasa, basi, ni ukuta wenyewe. Ajabu ni kwamba mitambo yao hainasi kitu: watu husikia yowe, kanda hubaki tupu. Tena hawasikii sawa. Mmoja husikia sana, mwingine kidogo, mwingine hasikii kabisa. Katika pupa yao wanauchokoza ukuta kwa mitambo hadi wanaifuta sauti ile, na chini yake wanagundua sauti nyingine, kongwe zaidi na mbaya zaidi. Yeyote aliyewahi kurekodi juu ya kanda iliyotumika ataielewa hofu ya mchezo huu bila kufafanuliwa.

Wapo pia ambao hawakusema kwamba wanabuni. Mwaka 1959 Friedrich Jürgenson alikwenda kurekodi sauti za ndege nchini Uswidi, na aliposikiliza kanda akaamini kwamba mtego wake umenasa watu badala ya ndege: sauti za marehemu. Konstantin Raudive, mwanazuoni wa Latvia aliyeishi uhamishoni, aliifuata njia hiyo na kuchapisha kitabu kikubwa mwaka 1968. Kinachotuvutia sisi ni lugha ya sauti hizo. Zilichanganya Kilatvia, Kijerumani, Kirusi, Kiswidi na nyinginezo, mara nyingi ndani ya sentensi moja fupi. Lugha hizo ndizo alizozijua Raudive. David Ellis, aliyezichunguza kanda hizo akiwa Cambridge, alieleza katika kitabu chake cha mwaka 1978 kwamba sauti nyingi zina sababu za kawaida: redio zilizopenya, kelele, na kazi ya sikio la msikilizaji.

Baadhi ya wanafunzi wetu kutoka Buganda waliuliza kwa nini hatukuzungumzia taya za Makabaka. Kabla ya Mutesa wa Kwanza, aliyefariki mwaka 1884 na kuzikwa Kasubi akiwa mzima, taya la Kabaka lilitengwa, likapambwa na kuwekwa katika nyumba yake maalumu, ambako roho yake ilisema na watu kwa kinywa cha mtu aliyepagawa. Kweli, ni taya, kiungo cha kusemea, na linahifadhiwa. Tuliliacha nje kwa makusudi. Kwa walioishi nalo hilo halikuwa hadithi ya kubuni, nasi hatukutaka kuliweka kwenye orodha moja na sifongo za nahodha mwongo.

Sasa tueleze kwa nini mambo haya yalitugusa zaidi ya tulivyopanga. Idara yetu ina sanduku la kaseti zilizorekodiwa miaka ya tisini, wazungumzaji wa Kiswahili nchini Uganda wakisimulia maisha yao. Mmoja wao alikuwa mzee, Mganda, dereva wa lori aliyejifunza Kiswahili barabarani kati ya Mombasa na Kampala. Amekwisha kufariki. Kaseti yake ilikaa karibu na dirisha, ikapata jua na vumbi, na sehemu fulani sauti inazama katika mvumo. Haikuwa na karatasi ya maana. Mmoja wetu aliichapa kwa maandishi zamani, na katika nakala hiyo mzee anasema hivi kuhusu baba yake: alipofika Jinja hakuwa na mahari, akakaa kwa mzee fulani miaka miwili akimfanyia kazi.

Mjukuu wa marehemu ni mwanafunzi wetu. Aliisoma nakala, akaomba kaseti, akaisikiliza, akaja ofisini. Alisema yeye hasikii "mahari", anasikia "mahali". Kwa familia tofauti hiyo si ndogo. Mtu asiyekuwa na mahali alikuwa mgeni aliyepewa hifadhi. Mtu asiyekuwa na mahari, akatumikia miaka miwili, aliipata mke kwa jasho, na wapo ndugu ambao kwa muda mrefu wamesema kwamba ndoa ile haikutolewa chochote.

Tuliicheza sehemu hiyo darasani mara tatu, kila mtu akaandika peke yake. Wengine waliandika "mahari", wengine "mahali", na mmoja aliandika "mali". Hapo ndipo tulipoona kosa letu lilivyo kubwa. Katika Luganda, sauti l na r hazitofautishi maana. R hutokea baada ya i na e, kwingineko ni l. Mganda anayesema Kiswahili anaweza kutamka "mahali" akikusudia mahari. Kwa hiyo hata kama kaseti ingekuwa safi kama siku iliporekodiwa, sikio peke yake lisingekata shauri. Mwenzetu aliyechapa "mahari" bila alama yoyote alifanya alichofanya Raudive: alijaza mvumo kwa lugha yake mwenyewe.

Kwa walimu wanaopenda kulijaribu zoezi hili, kanda iliyoharibika inafaa kuliko iliyo safi, mradi wanafunzi waandike kabla ya kuzungumza. Akishasema mmoja, wote husikia alichosikia yeye. Nakala ya maandishi nayo iwe na alama tatu tofauti, moja ya neno lililosikika, moja ya neno linalokisiwa, na moja ya mahali pasipo na neno.

Alama ya tatu tulifundishwa na bibi wa yule mwanafunzi, mjane wa marehemu. Mjukuu alimpelekea nakala ya kaseti, akamchezea sehemu ile, jjajja akaomba irudiwe. Kisha akasema kwamba pale hapana neno. Mzee anakohoa. Alikuwa akikohoa hivyo kila akifika kwenye habari za baba yake.

Katika nakala mpya ya idara, baada ya "hakuwa na", pana nukta tatu, kisha maneno "mahari" na "mahali", kila moja likiwa na alama ya kuuliza. Mbele yake tumeandika "kikohozi", nalo pia tumelitilia alama ya kuuliza.